Kutoka Lumumba hadi Changanyikeni: Chuo Kikuu na Kitanda cha Mwanafunzi



Historia ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam imezoeleka kusimuliwa kwa kufuata viongozi wake, sera zake na migomo yake. Leo nitaifuata kwa njia ya kitanda: mwanafunzi alilala wapi, nani alilipa, na ilimchukua muda gani kufika darasani. Swali hili linaonekana dogo, lakini limekiunda chuo hiki kuliko hotuba nyingi zilizotolewa Ukumbi wa Nkrumah, yangu ya leo ikiwamo.

Chuo kilianza bila kiwanja chake. Tarehe 25 Oktoba 1961, wiki sita na ushee kabla ya Uhuru wa Tanganyika, Chuo Kikuu kishiriki kilifunguliwa katika jengo la chama cha TANU, Mtaa wa Lumumba. Mipango ya wakati wa ukoloni ililenga katikati ya miaka ya sitini, baada ya Makerere na Nairobi kutulia. TANU haikutaka kusubiri. Kwa kuwa majengo hayakuwapo, chama kikatoa jengo lake. Wanafunzi hawakutimia hata kumi na tano, na wote walisoma sheria. Miongoni mwa wanafunzi wa mwanzo alikuwamo Julie Manning, ambaye baadaye alikuja kuwa Waziri wa Sheria. Mitihani na shahada zilikuwa za Chuo Kikuu cha London.

Kwa nini sheria? Makerere ilikuwa na udaktari na kilimo, Nairobi ilikuwa na uhandisi na tiba ya mifugo. Sheria haikufundishwa popote Afrika Mashariki. Aliyetaka uwakili alipaswa kuvuka bahari. Nchi inayokaribia kujitawala ilihitaji watu wake wa kuandika sheria na kukaa mahakamani. Ipo pia sababu ya kawaida kabisa ambayo wanahistoria wetu huiruka: sheria haihitaji maabara. Inahitaji vitabu, meza, na mtu wa kubishana naye, na hayo yote jengo la chama liliweza kuyabeba.

Lumumba palikuwa mjini hasa. Viwanja vya Mnazi Mmoja viko hatua chache, na mitaa ya Kariakoo inaanzia hapo hapo. Wanafunzi wale walijifunza mikataba huku biashara ikifanyika nje ya dirisha. Sisemi kwamba walifurahia kelele. Nasema tu kwamba kwa miaka michache Dar es Salaam ilikuwa na chuo kilichokaa katikati ya watu wake, na hali hiyo haijarudi tena kwa ukamilifu.

Mwaka 1964 chuo kilihamia Mlimani, kilomita kama kumi na tatu kutoka katikati ya jiji. Wasanifu wa Norman & Dawbarn walikuwa wamechora mji mdogo unaojitegemea: mabweni, mabwalo ya chakula, kumbi, nyumba za walimu, vyote vikishuka na mteremko. Hesabu nyuma ya mchoro huo ilikuwa rahisi: kila mwanafunzi ana kitanda, kila mwanafunzi analishwa. Huo ulikuwa mfano wa Kiingereza, na kwa wanafunzi mia chache uliwezekana. Ukumbi wa Nkrumah ulikuja kuchapishwa nyuma ya noti ya shilingi 500. Kwa miaka mingi makondakta wa daladala walikuwa wakiukunja ukumbi huo na kuupachika katikati ya vidole, wengi wao wakiwa hawajawahi kuingia ndani yake.

Ugomvi juu ya kitanda hicho haukuchelewa. Tarehe 22 Oktoba 1966 wanafunzi waliandamana hadi Ikulu kupinga sheria ya Jeshi la Kujenga Taifa, iliyowataka wahitimu kutumikia miaka miwili, sehemu kubwa yake kwa asilimia 40 tu ya mshahara. Bango moja lilidai kwamba mambo yalikuwa afadhali wakati wa ukoloni. Mwalimu Nyerere alikasirika kweli kweli. Aliwafukuza, zaidi ya wanafunzi 300, akakata mshahara wake mwenyewe kwa asilimia 20 na kuanza kutazama upya mishahara ya wakubwa wote serikalini. Azimio la Arusha lilifuata Februari 1967, na mwezi uliofuata chuo kiliitisha mkutano kujadili nafasi yake katika nchi ya kijamaa. Hoja ya Mwalimu ilikuwa kwamba mkulima ndiye aliyelipia godoro, chakula na mwalimu, hivyo ana haki ya kudai. Mimi nakubaliana na hoja hiyo hadi leo, ingawa adhabu naiona ilikuwa nzito kupita kosa.

Lakini haki itendeke kwa mlima. Miaka iliyofuata, ile tunayopenda kujisifia, ilitegemea sana watu kulala pamoja mahali pamoja. Walter Rodney alifundisha historia hapa mwaka 1966 na 1967, akarudi 1969 akakaa hadi 1974. Yoweri Museveni na wenzake katika chama cha wanafunzi cha kimapinduzi, USARF, waliendesha madarasa ya itikadi Jumapili asubuhi, na jarida lao la *Cheche* lilisomwa na kubishaniwa mpaka lilipopigwa marufuku mwaka 1970. Huwezi kuendesha darasa la hiari Jumapili asubuhi kwa watu wanaoishi Mbagala na Tegeta. Mijadala ile ilizaliwa kwenye korido za mabweni, baada ya chakula cha jioni ambacho hakuna aliyekilipia mfukoni.

Julai 1970 Chuo Kikuu cha Afrika Mashariki, ambacho tulikuwa sehemu yake, kilipovunjwa, chuo chetu kikawa cha taifa. Idara ya Kiswahili ilianza mwaka huo huo, ikafundisha kwa Kiswahili, na Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili ikatoa *Kamusi ya Kiswahili Sanifu* mwaka 1981. Chuo kikazaa pia: kitivo cha kilimo Morogoro kikawa Chuo Kikuu cha Sokoine mwaka 1984, Muhimbili na Ardhi vikajitegemea mwaka 2007.

Kilichobadili kila kitu ni idadi ya wanafunzi. Sera ya kuchangia gharama iliingia mwanzoni mwa miaka ya tisini, chakula cha bure kikaisha, na Bodi ya Mikopo ikaanza kazi mwaka 2005. Kuanzia hapo mlima ulikuwa na lugha yake. Kuna *bumu*, fedha za kujikimu ambazo kuchelewa kwake hupimwa kwa ukubwa wa sahani ya wali. Kuna *kubebana*, yaani mwenye kitanda kumpokea asiye nacho, wakalala wawili juu ya godoro la futi mbili na nusu, mmoja kichwa huku na mwingine kule. Mfano wa mwaka 1964, kitanda kimoja kwa kila mwanafunzi, ulikufa kwenye magodoro hayo bila tangazo lolote la Baraza.

Wakati huo jiji lilikuwa linapanda mlima lenyewe. Changanyikeni, Msewe, Makongo na Savei vilijaa nyumba za kupanga. Mwaka 2006 jengo la maduka la Mlimani City lilifunguliwa kwenye ardhi ya chuo kwa mkataba na kampuni ya Botswana, kando ya barabara ya Sam Nujoma. Mwaka 2005 chuo chenyewe kilishuka kurudi mjini, kikafungua Chuo Kikuu kishiriki cha Elimu Chang'ombe. Serikali ilijenga mabweni mapya yaliyofunguliwa 2017, majengo ishirini yenye nafasi 3,840, na mwaka uliofuata maktaba kubwa iliyojengwa kwa msaada wa China, inayochukua zaidi ya watu 2,000 kwa wakati mmoja. Ni mambo mazuri. Hata hivyo, wengi wa wanafunzi wetu leo ni wapangaji. Wanalipa kodi ya miezi sita kwa mkupuo kwa mwenye nyumba ambaye haijui kalenda ya Bodi ya Mikopo.

Na ratiba yetu bado ni ya mtu anayelala Bweni la Kwanza. Tunapanga kipindi cha saa moja asubuhi, kingine saa moja jioni, na kati yake saa nyingi tupu ambazo mwanafunzi wa Kimara hawezi kwenda nyumbani na kurudi. Binti anayemaliza semina usiku hupanda bodaboda gizani kwa fedha aliyopanga kununulia chakula, kisha tunaandika kwenye ripoti kwamba mahudhurio ya vipindi vya jioni ni hafifu.

Ninachopendekeza hakihitaji mfadhili. Vipindi vya wanafunzi wa mwaka wa kwanza vibanwe katika siku tatu au nne. Ofisi ya Mshauri wa Wanafunzi iweke orodha ya nyumba za kupanga zilizokaguliwa, na mkataba wa kodi ya mwezi kwa mwezi. Na mabasi ya mwisho yajadiliwe na wenye magari kabla ratiba haijabandikwa ukutani, maana kwa sasa tunajadili baada.