BEI YA NYUMBA NA BEI YA DENI

(Hotuba iliyotolewa mbele ya wanachama wa tawi, Nakuru. Imepigwa chapa hapa kwa ajili ya wenzetu waliokuwa zamu siku ile.)



Nimeombwa kusema juu ya mkopo wa nyumba. Jambo hili limefika milangoni petu. Tangu Nakuru ilipopewa hadhi ya jiji, tarehe 1 Desemba 2021, mtu hatembei kutoka Lanet mpaka Njoro bila kuona bango la nyumba au la ploti. Serikali nayo imejenga nyumba pale Bondeni. Na kwa Sheria ya Nyumba za Bei Nafuu ya 2024, kila mwezi twakatwa asilimia 1.5 ya mshahara, na mwajiri hutoa asilimia 1.5 nyingine. Basi si ajabu kwamba kila mmoja wetu anauliza: Nami nitapata nyumba lini?

Sikuja kuwaambia msikope. Nimekuja kuwaambia kwamba nyumba ina bei mbili. Ya kwanza ni ile iliyoandikwa kwenye bango. Ya pili ni ile utakayokuwa umelipa siku utakapoichukua hati yako mkononi. Bei ya kwanza huambiwa kila mtu. Bei ya pili haisemwi mpaka uiulize.

Tuchukue mfano, na mwenye kalamu aandike. Tuseme mwenzetu amekopa benki shilingi 2,000,000, kwa riba ya asilimia 14 kwa mwaka, alipe kwa miaka 20. Karani atamwambia: "Utalipa shilingi 24,870 kwa mwezi." Mwenzetu atafikiri kodi anayolipa sasa, atafikiri mshahara wake, naye atasema, "Naweza." Atatia sahihi.

Lakini miaka 20 mara 12 ni miezi 240. Zidisha 24,870 kwa 240. Utapata shilingi 5,968,800. Nyumba moja ameilipia karibu nyumba tatu. Shilingi milioni mbili ni za mkopo, na karibu milioni nne ni riba.

Mtu atauliza, yawezekanaje, na riba ni asilimia 14 tu? Jibu ni kwamba asilimia 14 hukatwa kila mwaka juu ya deni lililobaki, na deni lenyewe hupungua polepole sana. Mwezi wa kwanza, katika zile 24,870, shilingi 23,333 huenda kwenye riba. Zinazopunguza deni ni shilingi 1,537 basi. Mwaka wa kwanza ukiisha, mwenzetu ametoa shilingi 298,000 na zaidi, lakini deni limepungua kwa kama shilingi 19,700 tu. Miaka 10 ikiisha, ametoa karibu shilingi milioni tatu, na bado anadaiwa 1,600,000. Nusu ya deni haimaliziki mpaka mwaka wa 16.

Nawaomba mlishike jambo hili, kwa sababu ndipo watu wengi huumia. Mfanyakazi akiachishwa kazi mwaka wa saba, au kiwanda kikifungwa mwaka wa tisa, hufikiri amekwisha kulipa sehemu kubwa. Hasha. Miaka ya mwanzo amelipa riba. Nyumba ikipigwa mnada wakati huo, fedha zinazobaki baada ya benki kuchukua chake na dalali kuchukua chake huwa kidogo, au hakuna.

Wazee wetu wa Bonde la Ufa waliyajua haya kabla yetu. Katika miaka ya 1960, mashamba ya walowezi yalipogawanywa kule Kinangop, Ol Kalou na kwingineko katika mpango wa Ekari Milioni Moja, ardhi ile haikutolewa bure. Walioandikishwa walikopeshwa bei ya ardhi, walipe kwa miaka 30 kwa riba ya asilimia 6.5. Riba hiyo yaonekana ndogo. Hata hivyo, ukipiga hesabu ya miaka 30, malipo yote hupita mara mbili ya mkopo wenyewe. Wengi walibaki nyuma katika kulipa, na hati haikutoka mpaka deni liishe. Mzee alilima, akakamua, akauza, naye bado hakuwa na karatasi ya kuwaachia watoto. Riba ndogo kwa miaka mingi ni mzigo mkubwa.

Sasa tutazame dawa. Dawa ya kwanza ni miaka. Rudi kwenye mfano wetu, riba ile ile ya asilimia 14. Mwenzetu akikubali miaka 15 badala ya 20, atalipa shilingi 26,635 kwa mwezi. Hiyo ni nyongeza ya shilingi 1,765 tu. Lakini jumla yote itakuwa kama 4,794,000. Kwa nyongeza hiyo ndogo ameokoa shilingi 1,174,000 na zaidi, na miaka mitano ya maisha yake. Akiweza miaka 10, atalipa 31,053 kwa mwezi na jumla 3,726,000. Hapo ameokoa zaidi ya shilingi milioni mbili na laki mbili.

Na hata aliyekwisha kuandikiwa miaka 20 hajafungwa. Akiongeza kitu kila mwezi, au akitia fedha za malimbikizo tunapopata mapatano mapya ya mishahara, deni litakatika mapema. Lakini awe mwangalifu kwa mambo mawili. Kwanza aulize kama mkataba unatoza faini kwa anayelipa kabla ya wakati. Pili ahakikishe kwa maandishi kwamba nyongeza yake imepunguza deni lenyewe, wala haikuwekwa kando kuwa malipo ya mwezi ujao.

Dawa ya pili ni kuijua riba ni ya namna gani. Kuna riba inayohesabiwa juu ya deni lililobaki, kama tulivyofanya. Na kuna riba inayohesabiwa juu ya mkopo mzima kila mwaka, hata kama umekwisha kulipa nusu yake. Mtu atakuja na karatasi nzuri aseme, "Benki wanataka 14, sisi twataka 10 tu." Piga hesabu. Mkopo wa 2,000,000 kwa asilimia 10 ya mkopo mzima ni shilingi 200,000 kila mwaka. Kwa miaka 10 ni 2,000,000. Jumla utalipa 4,000,000, yaani 33,333 kwa mwezi. Yule wa asilimia 14 juu ya deni lililobaki alilipa 31,053. Basi kumi hii ni ghali kuliko kumi na nne ile. Wenzetu wanaochukua mikopo ya ploti huku Gilgil, Molo na Naivasha, hesabu hii yawahusu hasa, maana mikopo midogo ndiyo hutolewa sana kwa namna hiyo.

Dawa ya tatu ni kujua kama riba yaweza kupanda. Mikataba mingi ya benki husema riba itafuata hali ya soko. Maneno hayo ni mafupi, lakini maana yake ni ndefu. Mwanzoni mwa 2011 kiwango cha Benki Kuu ya Kenya kilikuwa chini ya asilimia 7. Desemba mwaka huo huo kilikuwa asilimia 18, na benki nazo zikapandisha riba zao. Bunge liliweka kikomo cha riba mwaka 2016, kisha kikaondolewa mwaka 2019. Februari 2024 kiwango cha Benki Kuu kilifika 13, na Juni 2025 kikashuka mpaka 9.75. Katika miaka 20 riba itapanda na kushuka mara nyingi. Ikiwa ile 14 itakuwa 18 mapema, malipo ya 24,870 yatapanda kuwa karibu 30,870. Na kama mtu ataendelea kulipa zile za zamani, hazitoshi hata riba ya mwezi, ambayo itakuwa kama 30,000. Atakuwa analipa, na deni linaongezeka.

Kwa hiyo, kabla hujatia sahihi, jiulize: Malipo yakiongezeka shilingi 6,000, watoto watakula? Sheria ya Kazi ya 2007 yasema makato yote yasizidi theluthi mbili ya mshahara. Theluthi moja lazima ifike nyumbani. Msiichukue sheria hiyo kuwa ni ruhusa ya kukopa mpaka mwisho wa kamba. Kodi, bima ya afya, akiba ya uzeeni, ada ya nyumba na mkopo wa chama cha akiba vimo humo humo.

Sasa yale yasiyo katika bango. Ukinunua nyumba mjini, kuna ushuru wa stempu wa asilimia 4 ya thamani. Mashambani ni asilimia 2. Kuna wakili wako, na mara nyingi utamlipa na wa benki. Kuna mthamini. Kuna ada ya kuandikiwa mkopo. Kuna bima ya nyumba na bima ya maisha, ambazo hulipwa muda wote wa deni. Mengi ya haya hulipwa mwanzoni, taslimu, pamoja na malipo ya kwanza ya nyumba. Mwenzetu asiyeyajua huyakopa kwingine, akaanza safari ya miaka 20 akiwa na madeni mawili.

Mtu mmoja aliniuliza: "Na kodi ninayolipa sasa, je, si hasara pia?" Swali zuri. Anayelipa kodi ya shilingi 15,000 kwa mwezi, katika miaka 20 ametoa 3,600,000, naye hana kitu cha kurithisha. Tena shilingi ya miaka 20 ijayo haitakuwa na nguvu ya shilingi ya leo, na tukiendelea kushikamana mishahara itapanda. Kwa hiyo mkopo waweza kuwa jambo jema kwa mtu mwenye kazi imara. Lakini apime kodi dhidi ya bei ya pili, asiipime dhidi ya bei ya bango.

Kuna msaada pia, na yafaa tuutumie. Kampuni ya Kenya Mortgage Refinance, iliyoundwa mwaka 2018, hukopesha benki na vyama vya akiba na mikopo fedha za muda mrefu kwa riba ndogo, ili nao wakopeshe wananchi chini ya asilimia 10. Tazameni tofauti: mkopo ule ule wa 2,000,000, miaka 20, kwa asilimia 9, malipo ni kama 17,995 kwa mwezi, na jumla ni 4,319,000. Ni pungufu kwa 1,650,000. Kadhalika, anayekaa katika nyumba aliyokopea hupunguziwa kodi ya mapato kwa ajili ya riba anayolipa, mpaka riba ya shilingi 360,000 kwa mwaka. Mpelekee karani wa mishahara hati ya benki. Haki isiyodaiwa haiji yenyewe.

Na sheria ikukinge ukishikwa na shida. Kwa Sheria ya Ardhi ya 2012, nyumba ya ndoa haiwekwi rehani bila idhini ya mume au mke. Akina mama, msitie sahihi karatasi mliyosomewa haraka. Benki haiwezi kuuza nyumba kwa ghafula: yapasa ikupe notisi ya miezi mitatu ulipe, kisha notisi nyingine ya siku 40 kabla ya kuuza. Ikiuza, ni wajibu wake kutafuta bei bora inayopatikana. Na tangu 2007, kwa Sheria ya Benki, deni likikwama, riba inayoongezwa tangu hapo haiwezi kupita kiasi cha deni kilichokuwapo lilipokwama. Mtu akipata notisi, asiifiche chini ya godoro. Aje ofisi ya tawi siku hiyo hiyo. Miezi mitatu ni mingi kwa anayeanza mapema, na ni michache kwa anayejificha.

Kabla ya kutia sahihi, ndugu, mwulize mkopeshaji maswali haya, naye ajibu kwa maandishi:

1. Mpaka mwisho, nitakuwa nimelipa jumla ya shilingi ngapi?
2. Riba yahesabiwa juu ya deni lililobaki, au juu ya mkopo mzima?
3. Riba yaweza kubadilishwa? Na nani, na kwa notisi ya siku ngapi?
4. Ada zote za mwanzo na bima zote ni kiasi gani?
5. Nikilipa mapema, kuna faini?
6. Baada ya miaka 5, na baada ya miaka 10, nitakuwa nadaiwa ngapi?
7. Nitamaliza nikiwa na umri gani? Mtu wa miaka 45 akichukua miaka 20, atamaliza akiwa na 65, na huenda amestaafu.

Mkopeshaji asiyetaka kuyajibu amekwisha kukujibu.

Neno langu la mwisho ni kwa tawi. Mfanyakazi mmoja mbele ya meza ya benki ni mtu mdogo. Wafanyakazi 200 wanaotaka mkopo wa namna moja ni soko, na soko huheshimiwa. Napendekeza tawi lichague watu watatu, wakusanye masharti ya benki na vyama vya akiba vilivyo hapa Nakuru, wayaandike katika karatasi moja: riba, ada, na jumla ya mwisho kwa kila shilingi laki moja. Karatasi hiyo ibandikwe ukutani mwa ofisi, na itoke katika jarida hili. Anayetaka kukopa aisome kwanza.

Tumezoea kupigania shilingi mia tano katika mshahara, nasi twafanya vema. Tusizipoteze shilingi milioni moja kwa sahihi ya dakika moja.

 Umoja ni nguvu.