Aliye Juu Mngoje Chini



Iko methali ambayo kila mmoja wetu ameisikia tangu utoto: Aliye juu mngoje chini. Huitamka kibarua aliyetukanwa na msimamizi wake. Huitamka jirani aonapo nyumba ya mwenziwe ikiongezwa ghorofa. Huitamka mpiga kura aliyesahauliwa na yule aliyemchagua. Ni methali ya kweli, kwa maana hakuna mwanadamu aliyepanda akadumu huko juu milele. Lakini leo ningependa tujiulize swali moja juu yake: huyo tunayemngoja chini, akifika, tumejiandaa kumfanyia nini?

Watu wa Ulaya ya Zama za Kati walilieleza jambo hili kwa mfano wa gurudumu. Walirithi kutoka kwa Warumi wa kale jina la Fortuna, mungu wa kike wa bahati, wakamchora kama malkia aliyeshika gurudumu kubwa analolizungusha apendavyo. Juu ya gurudumu hilo walichora watu wanne. Mmoja yuko ubavuni akipanda, na neno lake ni: Nitatawala. Wa pili ameketi kileleni na taji kichwani: Natawala. Wa tatu anaporomoka upande wa pili: Nilitawala. Wa nne amelala chini kabisa: Sina utawala. Picha ya namna hiyo imo katika kitabu cha nyimbo kilichoandikwa kwa mkono yapata mwaka 1230, kikapatikana mwaka 1803 katika monasteri ya Benediktbeuern, kusini mwa Ujerumani. Ndicho kitabu kijulikanacho kwa jina la Carmina Burana. Picha nyingine zilichorwa kutani, au zikachongwa kuzunguka madirisha ya duara ya makanisa, ili mfalme na mkulima waingiao kusali wazione wote.

Wazo lenyewe ni la kale zaidi. Herodotus, mwanahistoria wa Kigiriki wa karne ya 5 kabla ya Kristo, asimulia habari za Croesus, mfalme wa Lydia aliyesifika kwa dhahabu yake, akashindwa vitani na Cyrus, yule ambaye Biblia yetu humwita Koreshi. Croesus, akiwa sasa mateka, alimwonya mshindi wake kwamba mambo ya wanadamu ni gurudumu, nalo halikubali watu wale wale wafanikiwe siku zote. Cyrus akaenda vitani hata hivyo, na kwa masimulizi hayo akafia huko. Kumbe mtu aweza kuambiwa habari za gurudumu akiwa juu yake, asisikie.

Hata pwani yetu imelijua somo hili. Yapata miaka mia mbili iliyopita, Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir, katika utenzi wake wa Al-Inkishafi, aliyatazama majumba ya fahari ya Pate yakiwa magofu. Yeye hakutaja gurudumu la Fortuna. Lakini angalieni alilolifanya: hakuwacheka matajiri waliokwisha kuondoka, aliugeukia moyo wake mwenyewe, akautaka uzinduke.

Sasa nitawasimulia habari za mtu mmoja ambaye ndiye hasa aliyelifanya gurudumu la bahati lijulikane kote Ulaya. Jina lake Boethius. Alizaliwa Italia yapata mwaka 480, katika ukoo mkubwa wa Kirumi. Alikuwa msomi na Mkristo, aliyeandika hata juu ya Utatu Mtakatifu. Mwaka 510 alipewa cheo cha konsuli, na mwaka 522 wanawe wawili wakapewa cheo hicho hicho kwa pamoja. Baba gani angetamani zaidi ya hapo? Mfalme Theodoric, mtawala wa Italia wakati huo, akamweka kuwa mkuu wa maofisa wake wote. Naam, Boethius alikuwa ameketi kileleni.

Haukupita muda mrefu. Mjumbe mmoja wa Seneti, aitwaye Albinus, alishtakiwa kwamba anafanya siri na Kaisari wa Constantinople kinyume cha mfalme. Boethius akasimama kumtetea. Basi mashtaka yakamgeukia yeye. Mashahidi wakapatikana, mfalme akaingiwa na hofu, na Seneti ile ile aliyoitetea ikakubali ahukumiwe, naye hayupo kujieleza. Akafungwa, kisha yapata mwaka 524 akauawa huko Pavia.

Akiwa kifungoni aliandika kitabu kuhusu faraja ya falsafa. Humo Falsafa yenyewe inamjia gerezani katika sura ya mwanamke mwenye heshima, nayo inamkanya kama mama amkanyavyo mtoto anayelia. Inamwambia hivi, kwa ufupi: ulipanda gurudumu kwa hiari yako, ukafurahi lilipokuinua, mbona walalamika linapokushusha? Mali, cheo na sifa havikuwa vyako. Vilikuja vikiwa mali ya Bahati, na Bahati imevichukua. Kilichokuwa chako kweli bado unacho. Kisha inampa mfano mwingine, wa duara nyingi zinazozunguka kitovu kimoja: iliyo mbali na kitovu huzunguka sana, na iliyo karibu nacho hutulia. Vivyo hivyo, mtu akaribiavyo kwa Mungu ndivyo anavyopungukiwa na misukosuko ya bahati.

Mfano huu tunaweza kuuona kwa fundi baiskeli. Huipindua baiskeli, matairi yakaelekea juu, akalizungusha gurudumu kwa mkono. Tope lililogandamana na tairi hupanda, hushuka, mara likarushwa mbali. Lakini tazama katikati, penye ekseli: gurudumu lote linazunguka, ekseli imetulia. Aliyejishikiza ukingoni atarushwa. Aliyejishikiza katikati atakuwapo gurudumu litakaposimama.

Kitabu hicho kilisomwa kwa karne nyingi, kikatafsiriwa na watu wakubwa: Chaucer, mshairi wa Kiingereza, katika karne ya 14, na hata Malkia Elizabeth wa Kwanza wa Uingereza, mwaka 1593. Lakini, ndugu zangu, mfano wa gurudumu waweza kutumiwa vibaya, na hapa sina budi kusema wazi.

Katika kanisa kuu la Rochester, Uingereza, ipo picha ya gurudumu la bahati iliyochorwa ukutani katika karne ya 13. Nusu yake ilifutika. Nusu nyingine ilisalimika kwa kuwa ilikuwa imefichwa nyuma ya mimbari. Iliyobaki ni ile nusu ya wanaopanda na aliyeketi juu. Wanaoanguka hawaonekani tena. Je, hiyo siyo picha ambayo kila mwenye cheo huitundika moyoni mwake? Anaona ngazi aliyoipanda, anakiona kiti alichokikalia, na nusu nyingine ameifuta. Husema: Nimefika kwa juhudi zangu, na aliye chini ni mvivu.

Aliye chini naye ana kosa lake. Husema: Acha wale, nasi zamu yetu itafika. Hataki dhuluma ikome. Ataka tu ihamie mikononi mwake. Yule anayepanda katika picha ile hana ugomvi na kiti. Ugomvi wake ni na aliyekikalia.

Na lipo kosa la tatu, ambalo ni letu sisi tunaohubiri. Ni pale tunapomwambia aliyeonewa: Ndiyo dunia, bahati imegeuka, vumilia. Tumtazame tena Boethius. Je, ni bahati iliyomtupa gerezani? Kulikuwa na mashahidi waliofungua vinywa vyao. Kulikuwa na mfalme aliyeogopa kivuli. Kulikuwa na wajumbe waliojua ukweli, wakanyamaza ili wasipoteze viti vyao. Gurudumu lile lilikuwa na mikono ya watu, na mikono hiyo ilikuwa na majina. Mjane anaponyang'anywa shamba na shemeji zake, tusiseme bahati imegeuka. Tuulize ni mkono wa nani uliogeuza, na mikono yetu ilikuwa wapi.

Maandiko Matakatifu yanatuonyesha njia nyingine. Yusufu, mwana wa Yakobo, alilijua gurudumu hilo vizuri. Alikuwa mtoto mpendwa, akatupwa shimoni. Akapata heshima nyumbani kwa Potifa, akatiwa gerezani. Kisha akainuliwa akawa wa pili baada ya Farao. Siku moja ndugu zake, wale waliomuuza, wakasimama mbele yake, njaa imewakondesha, wakainama hadi nchi. Hakika walikuwa wamefika chini, naye alikuwa na kila sababu ya kufurahi. Akafanya nini? Alilia, akawakumbatia, akawapa chakula. Gurudumu lilikuwa limewafikisha mikononi mwake, naye hakulizungusha tena kwa kisasi.

Na zaidi ya Yusufu yuko Bwana wetu. Mtume Paulo awaeleza Wafilipi kwamba Kristo, aliyekuwa sawa na Mungu, hakuung'ang'ania utukufu huo, bali alijishusha, akatwaa hali ya mtumwa, akatii hata mauti ya msalaba. Boethius alijifunza kwamba Mungu ndiye kitovu kisichotikisika, na ni kweli. Injili yaongeza jambo ambalo Falsafa haikumwambia katika kifungo kile: kwamba Mungu hakubaki katikati akitazama watu wakizunguka. Alishuka mpaka chini kabisa, mahali pa yule wa nne asiye na utawala, akalala hapo pamoja naye. Kwa hiyo yeyote aangukaye leo, akiwa amefukuzwa kazi, amefilisika, ameachwa au amefungwa bila haki, huko chini hatakuta mahali patupu.

Basi turudi kwenye methali yetu. Aliye juu mngoje chini. Ndiyo, tumngoje. Lakini tumngoje kama mama angojavyo chini ya mwembe ambao mtoto wake ameupanda: mikono imenyooshwa, ili akiteleza asiumie. Wiki hii, kila mmoja wetu amkumbuke mtu mmoja aliyekuwa juu na sasa yuko chini, ambaye simu yake hailii tena na mlango wake haubishwi tena. Twende tukabishe hodi. Tusiende kumuuliza ilikuwaje. Twende kukaa naye.

Tuombe. Ee Bwana, tukiwa juu, utukumbushe ile nusu ya picha tuliyoifuta. Tukiwa chini, utuepushe na tamaa ya kulipiza. Na popote tulipo, utushikamanishe nawe, usiyegeuka jana, leo na hata milele. Amina.