Nani Alimnunua Dally Messenger? Ridhaa, Ujira na Fedha za Mlangoni



Kila historia ya michezo inapofundishwa, hoja moja hurudi: kwamba Herbert "Dally" Messenger, nyota wa raga wa Sydney, alinunuliwa. Mwaka 1907 aliichezea Australia dhidi ya New Zealand katika raga ya yunioni. Agosti mwaka huohuo akahamia raga ya kulipwa, ile iliyokuja kuitwa raga ya ligi. Basi, wanasema, tamaa ilimshinda. Hoja hii ni fupi, na ufupi wake ndio umeiponza historia.

Mwaka 1895, katika mgawanyiko wa Huddersfield, klabu za kaskazini mwa Uingereza zilijitenga na yunioni kwa sababu ya fidia kwa wachezaji. Ninachotaka tukisome pamoja ni orodha ya makosa ambayo wakuu wa yunioni ya Uingereza waliitoa baada ya mgawanyiko huo, waraka ninaoupenda kuliko riwaya yoyote. Kupokea fidia ya muda wa kazi uliopotea ni kosa. Kuahidiwa ajira au kupandishwa cheo ni kosa. Kisha linakuja pambo la waraka: ni kosa pia kucheza penye kiingilio mechi iliyopangwa kuwa na wachezaji pungufu ya 15 kila upande! Kwa kipimo hicho, vijana wanaocheza saba kwa saba pale Nairobi kwenye Safari Sevens wangehesabiwa wachezaji wa kulipwa hata kama hawajaonja shilingi. Tangu lini idadi ya wachezaji ikawa suala la maadili? Naona humo mwenye duka akimfungia jirani yake soko.

Sydney ilifuata sheria hizo. Julai 1907 New South Wales ilipocheza na New Zealand, watazamaji walizidi 50,000, na kiingilio kilitozwa. Msimu huohuo Alec Burdon, kinyozi, aliumia akiwa na timu ya jimbo, akashindwa kufanya kazi, na chama hakikumfidia. Ridhaa, kumbe, iliwahusu wachezaji peke yao.

Nilipokuwa mwanafunzi nilivunjika mtulinga nikiichezea timu ya chuo. Mhazini alinipa pole, akanikumbusha kwamba tunacheza kwa ridhaa, kisha akaendelea kuhesabu fedha za kiingilio. Tangu siku hiyo mimi si msikilizaji asiye na upande.

Wapinzani wangu watasema Messenger hakuwa Burdon. Hakuwa amevunjika, na baba yake alikuwa na karakana ya mashua Double Bay. Ni kweli. Ni kweli pia kwamba alilipwa, na kwamba mfanyabiashara James Giltinan na mcheza kriketi Victor Trumper walimfuata kwa sababu jina lake lingejaza uwanja. Lilijaza: katika mechi yake ya kwanza ya kulipwa, tarehe 17 Agosti, walifika watu wapatao 20,000. Lakini jina lililokuwa likiwaingizia wakubwa fedha lilikuwa lake. Kuchukua sehemu ya thamani uliyoizalisha mwenyewe si kununuliwa. Hapo sibanduki.

Yunioni ikamfungia. Yeye akaenda Uingereza na kikosi cha kulipwa cha New Zealand, akawa makamu wa nahodha katika ziara ya kwanza ya Kangaroos, timu ya Australia ya raga ya ligi, ya 1908 hadi 1909, na akatwaa ubingwa na Eastern Suburbs mwaka 1911, 1912 na 1913. Alifariki mwaka 1959.

Agosti 1995, karne moja baada ya Huddersfield, raga ya yunioni yenyewe iliruhusu wachezaji walipwe. Hakuna aliyewaita wakuu wake wasaliti.

Wanafunzi wangu, mkikuta mchezaji ameitwa msaliti, msianze na mfuko wake. Ombeni kwanza daftari la mlangoni, muone fedha zilikwenda kwa nani.