Kuta za Mawe na Mlango wa Kuinamia

Mazungumzo ya ibada ya asubuhi, kama yalivyosomwa redioni. Somo: Waefeso 2:11–22

Ninyi mlioko jikoni mkiwasha moto, ninyi mlioko njiani kwenda kuchuma chai kabla jua halijapanda, nanyi mlio wagonjwa vitandani, karibuni tukae pamoja kwa dakika hizi chache.

Leo nataka tusafiri. Katika nchi ya Italia kuna matembezi ya siku moja ambayo wageni huyapenda sana. Asubuhi hupanda basi mjini Florence pamoja na mwongozaji wao, wakaelekea kusini kwenye vilima vya Chianti. Huko huona mizabibu iliyopandwa kwa mistari hadi macho yanapokoma, kama sisi tunavyoiona chai yetu. Huonjeshwa divai, kisha hupandishwa kwenye miji midogo ya kale iliyojengwa juu ya vilele, yenye kuta za mawe na malango. Jioni hurudi walikotoka. Nadhani wengi wetu hapa tusingejua la kufanya na zile bilauri za divai. Tungeuliza kama kuna chai ya maziwa. Lakini habari ya zile kuta inatuhusu.

Maana jiulizeni: mtu mwenye akili zake, kwa nini ajenge nyumba juu ya kilele chenye upepo, mbali na maji na mbali na shamba lake? Hakupanda huko ili apate kutazama uzuri wa nchi. Alipanda kwa sababu ya woga. Mji wa Florence na mji wa Siena ilikuwa na uadui wa miaka mingi, na vilima vya Chianti vilikuwa mpakani katikati yao. Mwaka 1260 walipigana mahali paitwapo Montaperti, karibu na Siena, na maelfu ya watu wakafa kwa siku moja. Hata kabla ya hapo watu wa Siena walikuwa wamekwisha kujenga ngome ya Monteriggioni, ukuta wa kuzunguka kilima wenye minara 14, ili wawazuie watu wa Florence. Na katika mji wa San Gimignano mambo yalikuwa mabaya zaidi, kwa kuwa humo watu waliogopana wakiwa ndani ya ukuta mmoja. Kila jamaa tajiri ilijijengea mnara wake, na jirani akajenga mwingine ulio mrefu kupita ule. Yasemekana minara hiyo ilifika 72. Leo imebaki 14.

Mgeni wa siku hizi husimama chini ya minara hiyo akapiga picha. Kitu kilichojengwa kwa kumwogopa jirani kimekuwa pambo, na mizabibu imejaa mahali palipokuwa na vita. Lakini angalieni ilichukua muda gani. Siena ilishindwa na kusalimu amri mwaka 1555, karibu miaka mia tatu baada ya Montaperti. Sisi tunaoishi mpakani hatuna miaka mia tatu ya kungojea.

Sisi wa Magwagwa hatuna nauli ya kufika Italia, wala haituhitaji kwenda mbali hivyo. Kikundi chetu cha kanisa, vijana wengi na wazee wachache, tulikodi gari tukaenda kuona mji wa mawe ulio hapa hapa Nyanza: Thimlich Ohinga, katika kaunti ya Migori. Tuliondoka saa kumi na moja alfajiri, ukungu ukiwa bado juu ya majani ya chai. Tukateremka hadi Oyugis, tukapita Kendu Bay kando ya ziwa, kisha Homa Bay na Ndhiwa. Mmoja wa akina mama alikuwa amebeba chupa kubwa tatu za chai na ndizi za kuchemsha, na mimi nasema safari yo yote isiyo na mama wa namna hiyo haifai kuanzishwa.

Tulipopita karibu na Kendu Bay niliwaonyesha vijana upande wa Gendia. Hapo ndipo Waadventista walipofungua misheni mwaka 1906, na kutoka upande huo wa ziwa kazi yao ikapanda hadi Nyanchwa, kwetu Kisii. Kijana mmoja akashangaa, akauliza, “Mchungaji, yaani Injili ilitufikia kwa kupitia kwa Waluo?” Nikamwambia, naam, kwa wengi wetu ilipita kwenye uwanja wa jirani kabla haijabisha hodi kwetu. Alinyamaza mpaka Homa Bay.

Basi tukafika. Thimlich ni kilima kidogo chenye miti ya euforbia na mawe mengi. Neno ohinga kwa Kiluo ni boma kubwa la mawe. Kuta hizo wataalamu wanasema zilijengwa yapata karne ya 16, na mwaka 2018 UNESCO iliziandika katika orodha ya urithi wa dunia. Ziko boma nne kubwa, na iliyo kuu huitwa Kochieng. Mahali pengine ukuta wafika mita 4 na zaidi kwenda juu, na unene wake ni mita moja hata tatu. Ndani mna alama za nyumba, mazizi ya ng’ombe, na mawe ya kusagia nafaka. Palikuwa pia na mahali pa kuyeyushia chuma. Tena wachimbaji walikuta humo shanga za kioo zilizotoka mbali. Hata mtu aliyejifungia kwa mawe hakuweza kuishi bila biashara na watu wa nje.

Mwongozaji wetu alikuwa kijana wa huko huko, mtu mpole mwenye subira. Alituweka mbele ya ukuta akatuambia tutafute saruji. Tukatafuta. Hakuna saruji, hakuna hata udongo wa kushikiza. Jiwe limekaa juu ya jiwe, basi. Ndipo akatueleza siri yake. Ukuta mmoja ule ni kama kuta tatu. Upo uso wa nje, upo uso wa ndani, na katikati yapo mawe madogo madogo yaliyojazwa na kubanwa, nayo ndiyo yanayoufunga uso huu na ule visiachane. Ukisimama nje huyaoni. Ukisimama ndani huyaoni. Yakitoka hayo, mawe makubwa mazuri yanayopigwa picha yataanguka kila moja upande wake.

Nikawafikiria watu fulani katika makanisa yetu. Nikamfikiria yule mama anayeuza mboga soko la Sondu, anayejua Kiluo, Kikipsigis na Kiswahili pamoja na Ekegusii chake, na ambaye kwa miaka mingi amekuwa akiwaombea radhi watu wa kila upande kwa watu wa upande mwingine. Hana cheo kanisani. Hasomi taarifa siku ya Sabato wala Jumapili. Yeye ni jiwe la katikati.

Kisha tukaja mlangoni. Njia ya kuingilia ni nyembamba, watu wawili hawawezi kupita sambamba, na juu yake limelazwa jiwe kubwa, hata ikakupasa kuinama. Kando yake ndani palikuwa na mahali pa mlinzi. Ilifanywa hivyo kusudi. Mtu ajaye kwa shari aingie peke yake, kichwa kikiwa chini, asiweze kuinua mkuki. Vijana wetu waliona ni mchezo, wakapita na kurudi wakicheka.

Hapo mzee mmoja wetu, mtu wa miaka yapata themanini, alimsogelea mwongozaji akamwambia, “Mwanangu, niambie bila kuficha. Kuta hizi mlizijenga kwa kutuogopa sisi?”

Kijana akatabasamu. Akasema, “Mzee, hata kuzijenga hatuna hakika kama ni sisi. Wataalamu wanaona huenda waliotangulia hapa walikuwa watu wa lugha za Kibantu, kabla sisi Waluo hatujafika. Sisi tulikuja baadaye, tukaishi humo na kuzitengeneza zilipobomoka. Basi labda ni babu zako walioziinua, na babu zangu wakaziba mapengo.”

Yule mzee alitazama ukuta kwa muda mrefu. Kisha akacheka mpaka akashika fimbo yake kwa mikono miwili. Akasema, “Kumbe babu zangu walinijengea ukuta wa kunizuia mimi!” Akamshika yule kijana mkono, na walikwenda hivyo, mkono kwa mkono, mpaka tulipomaliza kuzunguka.

Ndugu msikilizaji, katika somo letu Mtume Paulo anawaandikia watu wa Efeso kwamba Kristo ndiye amani yetu, na kwamba aliubomoa ukuta uliokuwa katikati ya Myahudi na mtu wa mataifa. Wengi tukisoma hapo twadhani Paulo anasema kwa mfano tu. Lakini katika hekalu la Yerusalemu palikuwa na ukuta wa mawe kweli kweli, si mrefu sana, na juu yake maandishi ya kumwonya mgeni kwamba akipita hapo, kufa kwake ni juu yake mwenyewe. Mwaka 1871 mmojawapo wa mawe hayo yenye maandishi uligunduliwa Yerusalemu, na maandishi yake ya Kigiriki yasomeka hata leo. Tena someni Matendo ya Mitume sura ya 21. Paulo alikamatwa kwa sababu gani? Watu walidhani amempitisha Trofimo ng’ambo ya ukuta huo. Na huyo Trofimo alikuwa mtu wa wapi? Wa Efeso! Basi Paulo anapowaandikia Waefeso habari za ukuta, anaandika habari ya jambo lililomtia pingu. Hakuwa mtu aliyekaa kivulini akapendezwa na neno amani.

Nanyi mwaijua mipaka yetu. Magwagwa iko ukingoni mwa Nyamira. Ukishuka upande mmoja unamkuta jirani Mluo wa Kabondo, ukishuka upande mwingine unamkuta Mkipsigis, na majani mawili na chipukizi tunayochuma sisi ndiyo wanayochuma wao upande wa Kericho. Hapana ukuta wa mawe katikati yetu. Lakini mwaka 1992 nyumba ziliteketea katika mipaka ya magharibi mwa nchi hii, na tena baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, na mwaka 2023 watu waliuawa Sondu. Waliokimbia wakati huo mnawajua. Wengine walilala katika madarasa ya shule na katika makanisa.

Ukuta wetu wapandishwa kwa maneno. Ng’ombe akipotea usiku, kabla hata nyayo hazijafuatwa, midomo imekwisha kutaja kabila. Hatusemi mwizi, tunasema “wale.” Nayo majina tunayowaita wale wakiwa hawapo, watoto wetu wanayasikia mezani, na mtoto hasahau. Kila jina la namna hiyo ni jiwe, na mwashi ni baba aliyetoka kusali asubuhi hiyo hiyo.

Mimi sitaki kuwaambia kwamba woga ni upumbavu. Waliojenga Thimlich walikuwa na ng’ombe na watoto wa kulinda, na wazee wetu nao walikuwa na ebisarate zao, vijana wakilala na mifugo wakiwa na silaha karibu, kwa sababu hatari ilikuwa ya kweli. Mwenye kuibiwa ana haki ya kulia na kutafuta mali yake. Lakini Bwana Yesu alijiita mlango, katika Yohana sura ya 10, naye anayeupitia mlango huo huinama. Hawezi kupita na mkuki juu.

Naomba jambo moja kwenu wazee wa kanisa na wachungaji mnaonisikiliza mpakani, wa Nyamira, wa Kericho, wa Homa Bay na wa Kisumu. Je, mnayo namba ya simu ya mwenzenu wa ng’ambo? Si ya chifu. Ya mwenzenu katika imani. Kama hunayo, itafute kabla ya Jumapili ijayo, ukampigie wakati wa salama, mwulizane habari za watoto na mvua. Ili ng’ombe atakapopotea, simu ya kwanza iende kwake, naye atoke na taa yake afuate nyayo upande wake, nawe upande wako. Wapo wanaofanya hivyo tayari. Magazeti hayawaandiki, kwa kuwa usiku ule hapakutokea neno.

Na tuombe.

Ee Bwana, uliyetengwa nje ya lango ukateswa, uwaangalie leo wanaovuka daraja la Sondu kwenda sokoni na mizigo yao kichwani. Wape kuuza na kununua kwa amani. Mlinde yule mama wa mboga. Wafariji waliozika watu wao mwaka ule, wa upande huu na wa upande ule, maana wengine hawajarudi nyumbani hata leo. Amina.