Amri ya Korti Iliyolala Katika Faili

(Maneno yaliyosemwa mbele ya wanachama katika mkutano wa mwezi)



Tumepewa jioni hii tuseme juu ya jambo ambalo wengi wetu hudhani si letu, yaani kuidharau korti. Mtu asikiapo maneno haya humwaza mlevi apigaye kelele mbele ya jaji. Walakini iko dharau nyingine isiyo na kelele hata kidogo: amri ya korti hufika ofisini, ikapigwa muhuri, ikatiwa katika faili, kisha ikalala.

Na tuanze mbali na kwetu. Mwaka wa 1990 mwalimu mmoja wa Zaire, nchi iitwayo sasa Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, aliingia Uingereza akaomba hifadhi. Katika hukumu aliitwa M tu, ili jina lake lisijulikane. Ombi lake likakataliwa, na tarehe 1 Mei 1991 ikawekwa kuwa siku ya kurudishwa kwao. Jioni ile shauri lake lililetwa mbele ya Jaji Garland, naye akafahamu ya kuwa wakili wa Serikali ameahidi kwamba mtu yule hataondoshwa kwanza. Ndege ikaruka. Ilipotua Paris alikuwa angali aweza kuzuiwa asiendelee, hakuzuiwa. Usiku ule ule jaji akatoa amri M arudishwe. Maofisa wakatengeneza safari ya kumrudisha, lakini siku ya pili yake Waziri wa Mambo ya Ndani, Bwana Kenneth Baker, akaivunja, kwani alishauriwa ya kuwa jaji hakuwa na uwezo wa kutoa amri kama ile juu ya Serikali.

Angalieni vema, mabwana. Waziri hakuitukana korti. Alifuata shauri la wanasheria wake. Tena jaji mwenyewe aliifuta amri yake baadaye. Hata hivyo Korti ya Rufani ilimwona amekosa, na mwaka wa 1993 majaji wa House of Lords wakalikaza neno hilo: amri hutiiwa mpaka korti iitangue, na aionaye mbaya aende kortini kuomba itanguliwe, asiitangue mwenyewe mezani pake. Walibadili hili tu, kwamba kosa liandikwe juu ya cheo cha Waziri, si juu ya nafsi ya Bwana Baker. Hakufungwa wala hakutozwa faini. Wako watakaocheka wakisema adhabu gani hiyo. Sisi hatucheki, maana Serikali ilikuwa imeshindania ya kuwa korti haiwezi kuishika kwa kosa hilo kabisa.

Hapa Kenya njia ni ndefu zaidi. Sheria ya Mashauri ya Serikali, Sura ya 40, yakataza mali ya Serikali kukamatwa kwa deni la hukumu. Kwa hiyo aliyeshinda hupewa hati ya korti, akaipeleka wizarani, akangoja. Asipolipwa hurudi kortini kuomba amri ya kumlazimisha ofisa mwenye dhamana ya fedha. Naye akikaidi, ndipo huitwa kujibu kwa dharau. Na wakubwa wameguswa: mwezi wa Machi 2018 Jaji Odunga aliamuru Waziri wa Mambo ya Ndani, Mkuu wa Polisi na mkubwa wa Uhamiaji watozwe shilingi 200,000 kila mmoja, zikatwe katika mishahara yao, kwa kutotii amri za korti juu ya Bwana Miguna Miguna.

Nasi tuungame letu. Katika ofisi moja tuliyotumika ilikuja hati ya mjane, ambaye mumewe aligongwa na gari la Serikali. Tuliipokea, tukaipa namba. Mkubwa akasema ingoje fedha za mwaka ujao. Nasi tukaandika "ingoje", tukafunga faili. Mwaka ule ukaja, ukapita. Mama yule alipokuja mara ya tatu hakuuliza habari za fedha. Aliuliza, "Wanangu, karatasi yangu iko katika meza ya nani?" Tukatazamana. Hakuna aliyejua.

Karani hawezi kulipa deni la Serikali, hilo twalijua. Lakini aweza kuandika siku na saa amri ilipofika, akaipeleka kwa mkono siku ile ile, si kwa trei. Mkubwa akisema ingoje, aweza kumwomba kwa adabu aandike neno hilo mwenyewe na kutia sahihi, tena akamkumbusha ya kuwa wanasheria wa Serikali waweza kwenda kuomba muda kabla siku haijapita. Twakiri si jambo jepesi kwa mtu mwenye watoto na mkubwa mkali.

Kwa hiyo tumemwandikia Katibu wa chama, kuomba kila wizara iweke daftari la amri za korti peke yake, lisichanganywe na barua nyingine. Ombi hilo litasomwa mkutano ujao, na wenye kulipinga waje na hoja zao.