Bwana Forgács na Picha za Watu Wengine

Wasikilizaji wangu, tukisikia kwamba mtu ni mtengeneza sinema, twadhani huzunguka na kamera yake akitafuta mambo ya ajabu. Bwana Péter Forgács wa Hungaria, aliyezaliwa Budapest mwaka 1950, alipata sifa kwa njia nyingine. Mwaka 1983 alianza kuzikusanya filamu ambazo watu walizipiga wenyewe nyumbani: arusi, watoto waogao mtoni, chakula cha sikukuu. Ya kwanza aliyoiunganisha katika mfululizo wake, habari ya jamaa ya Bartos, ilitoka mwaka 1988. Alipunguza mwendo wa picha, akaisimamisha mahali uso unapotutazama, akatia maneno machache na muziki, aghalabu wa Bwana Tibor Szemző.

Pengine mtauliza, kuna faida gani kumtazama mgeni akila? Swali hilo ni la haki. Basi sikilizeni habari ya Maelstrom, sinema ya mwaka 1997. Jamaa ya Peereboom, Wayahudi wa Uholanzi, wameketi mezani wakishona na kutengeneza nguo za safari. Wameambiwa wanakwenda kambini kufanya kazi. Hawajui lililo mbele yao. Sisi twalijua, wala hatuna njia ya kuwaonya. Waliuawa Auschwitz. Na katika sinema iyo hiyo twamwona Seyss-Inquart, aliyeitawala Uholanzi kwa amri ya Hitler, akicheza na mjukuu wake kwa upole kama babu ye yote. Hilo lanitisha kuliko picha za mizinga.

Mwaka 1998 ikatoka sinema ya mto Danube. Nahodha Nándor Andrásovits alipenda kupiga picha ndani ya meli yake. Mwaka 1939 aliwachukua Wayahudi waliokimbia, wakateremka na mto hata Bahari Nyeusi, nia yao kufika Palestina. Twawaona wakisali juu ya sitaha, na vijana wakicheza ngoma. Mwaka 1940, Warusi walipokwisha kuitwaa Bessarabia, nahodha yule yule aliwapandisha mtoni Wajerumani wakulima walioacha mashamba yao huko. Hao nao walilia. Wengi wao wakapewa mashamba katika nchi ya Poland, nayo yalikuwa yamenyang'anywa Wapolandi.