Zuio la Mahakama na Muhuri wa Mtendaji



Matombo haijasahau Julai 1955. Serikali ya mkoloni iliwalazimisha Waluguru kuchimba matuta ya ngazi milimani. Wananchi wakakusanyika Matombo kuyakataa, polisi wakafyatua risasi, na mtu mmoja akafa. Tangu hapo wapo wanaoona fahari kusema kuwa Mluguru hapokei amri. Lakini amri ile ilitoka kwa mtawala, na mkulima hakuulizwa. Amri ya mahakama huombwa na mwananchi mwenyewe, na asiyeridhika nayo anayo njia ya kuipinga.

Chukua shamba la ukoo lenye migomba na mikarafuu, linalogombewa na wapwa wa marehemu kwa upande mmoja, na watoto wake wa kuwazaa kwa upande wa pili. Mgogoro wa namna hiyo si mgeni Uluguru, ambako ardhi hufuata ukoo wa mama. Mahakama inatoa zuio: mtu asikate mti wala asiuze shamba hadi shauri liishe. Baada ya wiki mbili mtendaji anagonga muhuri kwenye hati ya mauziano. Akiulizwa, hujibu kwamba alipata maelekezo kutoka juu. Juu wapi, hasemi.

Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, katika Amri ya 37, inaruhusu mali ya anayevunja zuio kukamatwa, naye mwenyewe kuwekwa ndani kama mfungwa wa madai kwa muda usiozidi miezi sita. Haki hiyo haitolewi kwa hasira. Sharti ithibitike kuwa amri ilikuwa wazi, kwamba mhusika aliijua, na kwamba aliivunja kwa makusudi. Naye apewe nafasi ya kujieleza. Barua iliyopotea masijala si dharau. Lakini wanaojificha nyuma ya rufani wajue kwamba kukata rufani peke yake hakusimamishi utekelezaji. Ni lazima iombwe amri ya kuusimamisha.

Wala cheo si kinga. Nchini Kenya, Machi 2018, Jaji George Odunga aliwatia hatiani Waziri Fred Matiang'i, Inspekta Jenerali Joseph Boinnet na mkuu wa Uhamiaji, Gordon Kihalangwa, kwa kupuuza amri kuhusu Miguna Miguna, akawatoza faini ya shilingi 200,000 kila mmoja. Miguna alikwisha kupelekwa Dubai. Afrika Kusini, tarehe 29 Juni 2021, Mahakama ya Katiba ilimhukumu Rais mstaafu Jacob Zuma kifungo cha miezi 15, kwa kukaidi amri ya kufika mbele ya tume ya uchunguzi.

Huko Matombo, mnunuzi mwenye hati yenye muhuri ameanza kukata mikarafuu. Mche utakaopandwa leo utahitaji miaka kadhaa kabla ya kuzaa, hata kama mtendaji ataadhibiwa kesho.